Mbuzi Huyu, Mbuzi Hii, Buzi Hili

Mmenizoea kwa mambo ya mishono, shela na vitambaa vya sare. Leo naomba niongee kuhusu mbuzi. Ndiyo, mbuzi. Neno hili moja lilitaka kuvunja posa ya binti wa dada yangu, na tangu siku hizo nikikutana na familia zinazooana, mmoja wa bara na mwingine wa visiwani, huwa nawaambia mapema: kaeni kwanza mkubaliane mbuzi wenu ni yupi.

Kwa mgeni asiyenijua, mimi kwetu Kisiwani. Si huku mnakokujua. Kisiwani ni kijiji cha wilaya ya Same, mkoa wa Kilimanjaro, chini ya Milima ya Upare, njia ya kwenda Gonja na Ndungu, jirani na Hifadhi ya Taifa ya Mkomazi. Bahari hakuna. Kuna vumbi, jua na mifugo, na ukiinua macho unaiona milima ya kijani ambayo kilele chake kirefu, Shengena, kina mita 2,462. Mwenyezi Mungu ana mipango yake, msichana wa Kisiwani nikaja kuolewa kisiwani kweli. Elimu yangu ni kidato cha nne na kozi ya ushonaji, kwa hiyo msinihesabu mtaalamu wa lugha. Ninayosema ni ya mtu anayesikiliza watu huku anawachukua vipimo, na mtu akiwa amenyoosha mikono kupimwa kifua huongea mengi.

Tuanze jikoni. Unguja na Pemba, ukiambiwa "nipe mbuzi" asubuhi wakati wali unataka kupikwa, hakuna anayefikiria mnyama. Ni kile kigoda cha mbao cha kukunja, chenye miguu iliyopishana, na mbele umetoka ulimi wa chuma wenye meno. Unakaa juu yake, unashika kifuu kwa mikono miwili, unakuna. Nazi inaanguka kwenye sahani, unatia maji, unakamua tui la kwanza, kisha la pili, chicha wanapewa kuku. Hiyo ndiyo mbuzi. Kamusi ya Kiswahili Sanifu, iliyotolewa mara ya kwanza mwaka 1981, inawatenganisha hawa wawili, kila mmoja na maelezo yake. Wa kwanza ana roho, kwa hiyo ni mbuzi huyu, mbuzi hawa, mbuzi yupo. Ya pili ni chombo, kwa hiyo ni mbuzi hii, mbuzi hizi, mbuzi ipo. Tofauti yote imekaa kwenye hicho kisilabi kidogo kinachofuata, na mtu akiwa na haraka hicho kisilabi ndicho cha kwanza kumezwa.

Same nazi haziamki kwenye mnazi wa jirani kama huku. Zinakuja kwa gari kutoka Tanga. Nyumba nyingi za pwani ya Tanganyika wana mbuzi ya nazi, na hata kwetu wako wanaoijua, ila chakula chetu cha kujivunia ni makande, na makande ukiyapika kwa siagi au maziwa hayadai tui. Shangazi yangu alipokuja kunitembelea Unguja mara ya kwanza, mama mkwe wangu alimwambia kwa heshima zote, "Dada, usihangaike, mbuzi ipo nyuma ya mlango." Shangazi akarudi nyuma hatua mbili. Alitutazama kama watu tunaolala na mifugo chumbani. Mama mkwe alipoitoa akaipangusa kwa kanga, shangazi alicheka mpaka akakaa chini, kisha akakaa juu yake, akakuna nazi mbili. Mpaka leo anaiita "mbuzi asiyekula majani".

Sasa huo ni mkanganyo wa kuchekesha. Wa posa haukuwa wa kuchekesha.

Binti wa dada yangu alipata mchumba wa Unguja, kijana wa Mwembetanga, mpole, ana duka la simu. Wazee wa kijana wakatuma barua ya posa, wazee wa Same wakajibu kwa orodha, kama ilivyo desturi. Dada zangu wa visiwani, hapa nieleze kidogo, kwa sababu wengi mkisikia orodha ya Wapare mnashika kichwa. Mahari ni ya bi harusi. Hilo halina mjadala, Suratun Nisaa aya ya 4 imeliweka wazi kuwa ni haki yake apewe kwa moyo mkunjufu. Lakini kando ya mahari kuna ada za ukoo. Kwetu mjomba ana mbuzi wake, bibi ana blanketi lake, na zamani wazee walidai na mitungi ya dengelua, ile pombe ya miwa. Familia za Kiislamu pombe zimeshaiondoa, wengine wameweka sukari na majani ya chai mahali pake. Na msiseme ni ushamba wa mlimani, kwa maana na nyie mnazo. Kilemba cha baba ni nini? Mkaja wa mama ni nini? Vyote ni vitambaa, mimi fundi navijua: kilemba cha kichwani, mkaja wa kufunga tumbo baada ya kujifungua. Lini mara ya mwisho mmeona bwana harusi anakuja na kitambaa cha kilemba chenyewe? Analeta bahasha. Jina limebaki, kitambaa kimekwenda.

Kwetu mbuzi naye amekwenda njia hiyohiyo. Mjomba wa mjini Same, anayekaa nyumba ya kupanga, mbuzi hai atamfunga wapi? Kwa hiyo "mbuzi wa mjomba" mara nyingi ni fedha inayolingana na bei ya mbuzi mnadani. Ila si kila mjomba. Mwingine anataka kwato na mkia. Kwa hiyo neno lilelile, ndani ya ukoo mmoja, kwa mzee huyu lina maana ya mnyama na kwa mzee yule lina maana ya noti. Mtu wa nje atajuaje?

Orodha yetu ilisomwa kwa simu, si kwa karatasi. Kaka yangu alirekodi sauti WhatsApp: mbuzi watatu, beberu mmoja, blanketi mbili, na siku ya harusi ndafu mmoja. Upepo unavuma, pikipiki zinapita, mwenye masikio na asikie.

Kule Unguja sauti ikasikilizwa na watu saba. Shangazi wa kijana, mama mwenye roho nzuri sana, akaelewa hivi: wenzetu wanataka mbuzi tatu za kukunia, maana kwao hazipatikani, na dafu. Akasema masikini, watu wa milimani wana hamu ya madafu, kwa nini wametaja moja, tuwapelekee mkungu mzima. Alikwenda kwa seremala Darajani akaagiza mbuzi tatu za mti mzuri. Vijana nao waliposikia "beberu" ndio wakavunjika mbavu kabisa, kwa sababu kijana wa leo beberu anamjua kwenye hotuba tu. Neno hilo kwa asili ni mbuzi dume, yule mwenye ndevu na harufu yake. Wanasiasa wakalichukua kumwita mkoloni na tajiri wa nje anayenyonya nchi, na enzi za Rais Magufuli tulilisikia kila wiki kwenye redio. Kwa hiyo mmoja akauliza, "Sasa huyu beberu tunamtoa Ulaya au Marekani?"

Tucheke kidogo, maana ndafu na dafu wana haki ya kuchanganywa. Herufi moja tu. Dafu ni la mnazi, la kunywa maji yake, na lugha imelipenda: asiyeweza kitu tunasema hafui dafu, na shilingi yetu tunaiita fedha ya madafu. Ndafu ni wa Kilimanjaro. Ni mbuzi aliyenona, anachinjwa, anachomwa mzima, anasimamishwa mezani na majani mdomoni, amepambwa kama yeye ndiye bi harusi. Maharusi wanakata nyama yake wanalishana kama wanavyolishana keki. Siku hizi hata Dar es Salaam harusi nyingi ndafu yupo.

Hayo yote yangesawazishwa kwa simu moja. Kilichoharibu ni herufi nyingine, safari hii ni ya kutolewa, si ya kuongezwa.

Binamu mmoja wa upande wetu, kijana wa kiume anayejiona mjanja, aliona picha ya mchumba amesimama mbele ya duka lake. Akaandika kwenye kundi la harusi, kundi lenye watu wa pande zote mbili: "Dada kapata buzi, achune taratibu."

Mama wa bwana harusi aliisoma yeye mwenyewe.

Kama hujui, basi ujue, maana ni lugha ya mitaani ya miaka mingi. Buzi ni mwanamume mwenye pesa anayehudumia mwanamke huku hapendwi, na kumchuna buzi ni kumla fedha zake mpaka abaki ngozi. Angalieni lilivyotengenezwa. Kiswahili kikitaka kumdharau mtu au kumfanya likitu likubwa, kinamvua kiambishi chake. Mtoto anakuwa toto. Mtu anakuwa jitu. Mbuzi anakuwa buzi, na hapo hapo anahama: si huyu tena, ni hili. Buzi hili limetoa, buzi lile limegoma. Mume wako mtarajiwa, anayekwenda kukuombea dua usiku, ameshatolewa kwenye kundi la wenye roho akawekwa pamoja na magunia na madebe. Wasichana wengi wanalisema neno hili saluni na kwa fundi huku wanacheka, na mimi nalisikia kila wiki. Wengine wanalisema kuhusu wachumba wao halali. Silipendi. Sijali kama ni utani.

Mama yule hakupiga kelele. Alimpigia dada yangu simu akasema maneno machache tu: "Dada yangu, mwanangu nimemzaa, sikumfuga." Akakata. Baada ya siku mbili tukasikia mbuzi tatu za seremala zimerudishwa dukani, na kaka wa bwana harusi anasema orodha yote ya wanyama sasa wameielewa, kumbe ilikuwa ni hesabu ya kuchuna. Mnaona? Mbuzi wa mjomba, ambaye hana kosa lolote, akasomwa upya kwa miwani ya buzi. Binti wetu alikaa ndani analia. Gauni lake nilikuwa nimeshalikata, lace nyeupe ya mikono mirefu, nikalikunja nikaliweka kabatini kwa sababu kuliona kulinitia uchungu.

Mimi ndiye niliyekuwa katikati, Mpare niliyeolewa Unguja, kwa hiyo nilivaa baibui nikaenda Mwembetanga. Sikwenda kutetea. Nilipokelewa vizuri, shikamoo, marahaba, kahawa na kashata, halafu kimya. Nilimweleza mama yule kilemba na mkaja, nikamweleza mjomba. Nikamwambia, "Mama, yule mbuzi wa orodha ni kilemba chetu sisi. Lile neno la mtoto ni uchafu, wala halimo kwenye orodha." Akaniuliza swali moja: wazee wenu wameliona hilo neno? Nikamwambia wameliona. Wamesema nini? Hapo sikuwa na jibu, kwa sababu walikuwa hawajasema kitu. Wanaume wetu walikuwa wanabishana kama kijana aombe radhi kwenye kundi au kwa simu, na mmoja alikuwa anataka kikao cha ukoo kizima.

Wapare tunasemwa kwa kupenda kesi. Utani wa nchi nzima ni kwamba Mpare yuko tayari kuuza ng'ombe ili ashinde kesi ya kuku, wengine wanasema ya mbuzi. Ukichunguza, kusimamia haki si aibu. Mwaka 1945 maelfu ya Wapare walishuka milimani wakapiga kambi Same kupinga kodi ya mbiru ya serikali ya Mwingereza, na mabibi zetu walikuwemo kwenye mapambano yale. Lakini siku hiyo kesi ilikuwa haina faida. Mjomba mkubwa, yule yule mwenye mbuzi wake kwenye orodha, ndiye aliyewakata wenzake: "Tusije tukauza binti kwa kesi ya buzi." Akamchukua yule kijana, wakapanda basi la usiku kutoka Same, zaidi ya kilomita 400 mpaka Dar es Salaam, asubuhi wakapanda boti.

Kijana aliomba radhi ana kwa ana, sebuleni, mbele ya baba na mama wa bwana harusi. Mzee wa nyumba hakumsema sana. Alimkumbusha Suratul Hujurat aya ya 11, ile inayokataza kudharauliana na kubandikana majina mabaya, kisha akamuuliza umri wake. Mjomba naye akasema mbuzi wake anamwondoa kwenye orodha kwa aibu aliyoipata. Mama wa bwana harusi akakataa. Akasema, "Hapana, kaka. Sasa nimemjua ni nani, atakuja." Nilikuwa jikoni naandaa chai, nilisikia hilo nikakaa chini kwenye mbuzi ya nazi nikalia kidogo.

Orodha tuliiandika upya, kwa mkono, kila kitu kwa jina refu. Mbuzi hai wawili. Fedha ya mbuzi mmoja kwa mjomba wa mjini. Mbuzi dume mmoja, neno beberu tukaliacha. Ndafu mmoja, na kwenye mabano tukaandika "wa kuchoma, si la mnazi". Nawashauri na nyie muandike hivyo hivyo. Na kundi la WhatsApp la harusi wapeni wazee kundi lao na vijana lao, mtaniombea dua.

Safari ya kwenda Same ilikuwa na lake. Wageni wetu wa Unguja walikodi basi dogo, na njiani, njaa imewashika, shangazi wa bwana harusi akasikia vijana wa kituo wanaitana kwenda kula "mbuzi katoliki". Akasema alhamdulillahi, hata wamishenari wanafuga, twende. Dereva alikanyaga mafuta. Dada zangu, mbuzi katoliki si mbuzi na ukatoliki hauhusiki. Ni nyama ya nguruwe, ileile inayoitwa kitimoto. Watu walimpa jina la mnyama wa halali kwa mzaha. Ukialikwa bara usione haya kuuliza mara mbili, hata kama umeshasikia neno mbuzi kwa masikio yako.

Na kwa anayetaka ndafu kwenye walima wake: nzuri, inapendeza, na Mtume wetu (s.a.w.) alimhimiza Abdulrahman bin Auf afanye walima walau kwa kondoo mmoja. Ila mchomaji muulize nani kachinja, na viungo anavyopaka vina nini ndani. Wengi wanachoma harusi za dini zote kwa jiko moja na brashi moja. Sisi tulimpata wa Same mjini, Muislamu, tukampa sufuria zetu. Bi harusi alivaa lace yake, nilibana kiuno nusu inchi kwa sababu kilio kilimpunguza. Mezani ndafu alisimama, na pembeni yake mkungu wa madafu, kwa maana shangazi wa Unguja aliapa hawezi kwenda mikono mitupu. Mbuzi tatu za seremala nazo zilikuja, zimefungwa kwa kanga. Moja iko kwa dada yangu, sasa anapika wali wa nazi kila Ijumaa na kutuma picha.

Mwezi uliopita binti kajifungua mtoto wa kiume, mashallah. Akika ya mtoto wa kiume ni mbuzi wawili, na bei ya Same ni nafuu kuliko ya huku, hivyo wameamua watachinjia kule. Baba wa bwana harusi alimpigia simu mjomba mbele yangu. Baada ya salamu ndefu alisema anataka wawili. Mjomba akawa kama hajasikia vizuri, mtandao. Mzee akainua sauti: "Mbuzi! Wawili! Wenye roho, kaka, wenye roho!"